Bolivia: Mlima wa Fedha na Watu Waliouchimba

(Hii ni hotuba iliyotolewa na mwandalizi mmoja wa Chama mbele ya wanachama, wake kwa waume.)



Nilipokuwa chuo cha ualimu tulifundishwa jiografia ya Amerika ya Kusini kwa kukariri. Mwalimu akisema "Brazil," sisi twajibu "kahawa." Akisema "Argentina," twajibu "nyama." Akisema "Bolivia," twajibu "bati." Aliyejibu upesi alisifiwa. Lakini hatukuulizwa hata siku moja: bati hilo lachimbwa na nani, na faida yake yaenda wapi? Leo nataka tuulize swali hilo, maana watu wa Bolivia wameliuliza kwa zaidi ya miaka mia nne, na wengi wamekufa kwa sababu yake.

Kwanza tuitazame nchi yenyewe. Upande wa magharibi wa Amerika ya Kusini umepitiwa na milima ya Andes toka kaskazini hata kusini, mwendo wa kilomita zipatazo 7,000. Ndani ya Bolivia milima hiyo hugawanyika safu mbili, na baina yake pana uwanda wa juu wenye baridi kali, zaidi ya mita 3,600 kutoka usawa wa bahari. Huko liko ziwa Titicaca, ambalo Bolivia na Peru wanagawana, na karibu na uwanda huo uko mji wa La Paz. Mgeni afikapo huko pumzi humwia fupi. Upande wa mashariki nchi hushuka mpaka mabonde ya joto, kisha misitu na mito iendayo Amazon. Wenyeji wa nchi ya juu, Waaymara na Waquechua, walikuwa wakilima viazi na kufuga llama zamani sana kabla Mzungu hajaiona nchi hiyo.

Mwaka 1545 Wahispania walipata habari za fedha katika mlima wa Potosí. Mlima huo ulitoa fedha nyingi mno, hata mwanzo wa karne ya 17 mji uliokuwa chini yake ulikisiwa kuwa na watu 160,000, ukawa miongoni mwa miji mikubwa ya dunia. Fedha ya Potosí ilipigwa sarafu, ikapakiwa merikebuni, ikalipa majeshi ya mfalme wa Hispania, na nyingine ikafika hata China.

Nani aliichimba? Katika miaka ya 1570 Makamu wa Mfalme, Francisco de Toledo, aliweka kazi ya lazima iliyoitwa mita. Neno hilo halikuwa geni kwa wenyeji. Wafalme wa Inka walilitumia kwa kazi ya zamu. Toledo alilichukua neno la wenyeji akalifanya pingu. Wilaya 16 ziliamriwa kupeleka kila mwaka mwanamume mmoja katika kila saba, jumla yao zaidi ya watu 13,000. Walisafiri kwa miguu pamoja na wake zao na watoto. Shimoni walipanda ngazi wakiwa na mawe mgongoni, na nje fedha ilisafishwa kwa zebaki, ambayo ni sumu. Waafrika nao walipelekwa huko utumwani, wakatumikishwa katika nyumba ya kupigia sarafu. Wazao wa Waafrika waliopelekwa Bolivia wako mpaka leo, khasa katika mabonde ya Yungas.

Wahenga walisema, mchumia juani hulia kivulini. Potosí mambo yalikuwa kinyume: mtu alichumia gizani, na aliyekula alikuwa ng'ambo ya bahari.

Wenyeji hawakunyamaza. Mwaka 1781 Túpac Katari na mkewe Bartolina Sisa walikusanya maelfu ya Waaymara wakauzingira mji wa La Paz kwa zaidi ya siku mia. Walishindwa. Katari aliuawa mwaka ule ule kwa kufungwa kwenye farasi wanne, na Bartolina Sisa akauawa mwaka 1782.

Kisha uhuru ukaja. Tarehe 9 Desemba 1824 jeshi la Antonio José de Sucre liliwashinda Wahispania huko Ayacucho, nchini Peru, na tarehe 6 Agosti 1825 Bolivia ikatangazwa kuwa nchi huru. Ikapewa jina la Simón Bolívar.

Hapa, ndugu zangu, nawaombeni msikilize kwa makini. Bolívar alifuta kodi ya kichwa waliyotozwa wenyeji. Mwaka 1826, kabla uhuru haujatimiza miaka miwili, serikali ikairudisha kwa kuwa hazina ilikuwa tupu! Walioshika serikali walikuwa watoto wa Wahispania waliozaliwa huko. Mwaka 1874 ikatoka sheria ya kuvunja ardhi za jamaa, na nyingi zikaangukia mikononi mwa wenye mashamba makubwa. Mwaymara akajikuta mtumishi katika shamba la babu yake, akilima bila mshahara na kwenda zamu nyumbani kwa bwana kufagia na kuchota maji. Kura ilikuwa ya mwanamume ajuaye kusoma, na shule wenyeji hawakujengewa.

Nchi ya namna hiyo ni dhaifu, na jirani huona. Bolivia ilikuwa na pwani yake katika jangwa la Atacama, penye shura, ile chumvi ya mbolea na baruti. Mwaka 1878 serikali iliitoza kampuni ya Chile, ambayo Waingereza walikuwa na hisa ndani yake, kodi ya senti 10 kwa kila kwintali. Chile ikasema mkataba wa 1874 umevunjwa, na tarehe 14 Februari 1879 askari wake wakaushika mji wa Antofagasta. Kwa mkataba wa 1904 pwani yote ikawa ya Chile. Bolivia ilipeleka shauri mbele ya Mahakama ya Dunia huko The Hague, na mwaka 2018 ikashindwa. Kila tarehe 23 Machi wananchi huikumbuka bahari yao.

Halafu vikaja vita vya Chaco na Paraguay, 1932 mpaka 1935. Watu wa milima ya baridi walipelekwa katika pori la joto, wengi wakafa kwa kiu na maradhi. Waliorudi walikuwa na swali moja: Nchi hii iliyonitaka nife kwa ajili yake, mbona hainipi kura?

Jibu lilipatikana Aprili 1952. Wachimbaji wa bati na watu wa mjini, wakiongozwa na chama cha MNR, walilishinda jeshi katika siku tatu. Mwaka ule ule kura ikawa ya kila mtu mzima, mwanamume na mwanamke, asomaye na asiyesoma. Waliopiga kura mwaka 1951 hawakufika laki mbili. Mwaka 1956 walikaribia milioni moja. Tarehe 31 Oktoba 1952 machimbo ya matajiri watatu, Patiño, Hochschild na Aramayo, yakawa mali ya taifa. Tarehe 2 Agosti 1953 ikatoka sheria ya kuwagawia wakulima ardhi. Toka bendera mpaka kura ilikuwa miaka 127.

Nisiwadanganye kwamba hapo shida zikaisha. Chama kile kiligombana chenyewe kwa chenyewe, na mwaka 1964 jeshi likashika serikali. Mwaka 1985 bei ya bati ilianguka, na wachimbaji zaidi ya 20,000 wakapoteza kazi. Mwaka 2005 Mwaymara, Evo Morales, alichaguliwa Rais kwa mara ya kwanza. Lakini yeye naye, wananchi walipokataa katika kura ya 2016 kumwongezea nafasi ya kugombea, aligombea hata hivyo, na mwaka 2019 akaondoka katika ghasia.

Ndugu wanachama, kumwondoa mtawala mgeni ni kazi kubwa, walakini si kazi yote. Baada ya bendera kupandishwa, yatupasa kuuliza: ardhi ni ya nani, kura ni ya nani, na shule imejengwa wapi? Tukiuliza sisi wanachama, viongozi watajibu. Tukinyamaza, watatujibia wengine.

Mpaka leo mlima wa Potosí wachimbwa, na watu wangali wakiingia gizani kila asubuhi. Basi mtoto wako akirudi shuleni akakuambia "Bolivia ni bati," mwambie, vema, mwanangu. Sasa niambie nani analichimba.