Ni Nani Agawaye Mali ya Wote?



Tusomapo habari za shamba la Nabothi, twamkumbuka mfalme aliyetamani na mwenye shamba aliyeuawa. Aghalabu twasahau kwamba baina ya tamaa na mauaji kulikuwa na barua zilizotiwa muhuri wa mfalme, na wazee wa mji waliozitii. Hapa Kenya pia ardhi ya umma ilipotea kwa barua na muhuri.

Sheria ya Ardhi za Serikali, Sura ya 280, tuliyorithi kwa wakoloni, ilimpa Rais mamlaka ya kugawa ardhi ya serikali ambayo haijamilikishwa mtu. Iliagiza pia kwamba viwanja vya mijini viuzwe kwa mnada, isipokuwa Rais aamuru vinginevyo. Maneno hayo machache ndiyo mlango uliopitiwa. Jambo lililokusudiwa kuwa nadra likawa desturi: aliyependelewa alipewa barua ya ugawaji, akaiuza kwa faida, kisha mnunuzi akatokea na hatimiliki ya uwanja waliochezea watoto wa shule. Waliokaa jirani na uwanja huo hawakuulizwa neno.

Hata hivyo, umma haukunyamaza. Mwaka 1989 Wangari Maathai alipinga jengo la orofa 60 katika Bustani ya Uhuru, nalo halikujengwa. Januari 1999 yeye na wenzake walipigwa walipokwenda kupanda miti katika msitu wa Karura, ambao sehemu zake zilikuwa zimegawiwa wajenzi. Msitu ungali umesimama. Tume ya Ndung'u, iliyoundwa mwaka 2003, ilidhihirisha kwamba unyakuzi huo haukuwa kazi ya mkono mmoja: ulihitaji viongozi, maafisa wa ardhi na wanasheria.

Katiba ya 2010 iliufunga mlango ule. Usimamizi wa ardhi ya umma ulikabidhiwa Tume ya Kitaifa ya Ardhi. Sheria ya Ardhi ya 2012 inaagiza kwamba kabla ya ardhi kutolewa, tangazo lichapishwe katika Gazeti Rasmi siku zisizopungua 30, na wanaoikalia wajulishwe. Misitu ya hifadhi, vyanzo vya maji na fuo za bahari haviruhusiwi kugawiwa. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu iliamua kwamba barua ya ugawaji pekee haimpi mtu umiliki. Katika kesi ya kiwanja cha pwani ya Mombasa, iliamua pia kwamba hatimiliki iliyotokana na ugawaji haramu haimkingi hata aliyenunua baadaye.

Basi twalalamikia nini? Twalalamikia kwamba tangazo lisilosomwa na mtu ni sawa na taa iliyofunikwa. Sheria imetupa siku 30. Nasi tukilala siku hizo zote, tutaamka tukute ua wa mabati.

Kwa hiyo twawaomba kila parokia na kila kikundi kiteue watu wawili watakaosoma Gazeti Rasmi, na waulize ofisi ya ardhi kama shule, soko, zahanati na makaburi ya mtaa wao vina hati. Kila panapotajwa ugawaji, waulize: nani ameomba, kwa bei gani, na nani aliyejulishwa?

Tena, ndugu, tuanzie nyumbani. Ikiwa kiwanja tunachosalia tulipewa na mkubwa, nacho kilikuwa cha umma, tusijifiche nyuma ya msalaba. Tutamkemeaje Ahabu hali sisi wenyewe tunakula zabibu za Nabothi? Tukiweka kumbukumbu zetu mezani kwanza, hakuna afisa atakayethubutu kutuambia kwamba zake ni siri.

Wazee wa mji ule walipokea barua wakatii. Sisi tukipokea barua, tuulize.