Ubatizo wa Mfalme na Imani ya Watu: Wamisionari Miongoni mwa Wagermanik, 340–840



1. Utangulizi

Ukitajwa ujio wa Ukristo kaskazini mwa Ulaya, wengi wetu hukumbuka picha moja: askofu Bonifasi na shoka lake, mwaloni mtakatifu unaanguka, wapagani wameduwaa. Picha hiyo imechorwa mara nyingi hata ikafunika kazi ndefu iliyotangulia kuanguka kwa mti na iliyofuata, yaani kazi ya wakalimani, wake za wafalme, wanakili wa vitabu na washairi.

Hoja yangu ni hii: mfalme aliweza kupeleka watu wake majini kwa siku moja, lakini dini ilikaa pale tu ilipopata maneno ya wenyeji na kuziachia nafasi desturi zao. Hilo halikusubiri wanahistoria wa leo. Wamisionari wenyewe walilijua, wakaliandika.

Ninaposema Wagermanik sina maana ya Wajerumani wa leo peke yao. Ninasema juu ya Wagothi, Wafranki, Waangli, Wasaksoni, Wafrisia na jamaa zao, watu wa lugha za ukoo mmoja.

2. Wulfila: kutunga herufi

Ukristo uliwafikia Wagothi kwa mikono ya mateka. Katika karne ya 3 walivamia Asia Ndogo wakarudi na watu wa Kapadokia, baadhi yao Wakristo. Wulfila, aliyewekwa wakfu kuwa askofu karibu mwaka 340, alikuwa mzao wa mateka hao. Kigothi hakikuwa na maandishi ya kubeba kitabu kizima, kwa hiyo aliunda alfabeti, akiazima zaidi herufi za Kigiriki, kisha akaanza kutafsiri Biblia. Mwandishi Philostorgius anasimulia kwamba Wulfila aliviacha Vitabu vya Wafalme kwa kuwa vimejaa vita, na Wagothi hawakuhitaji kuchochewa zaidi. Mtafsiri huyo aliwajua wasomaji wake.

Sehemu ya tafsiri hiyo imesalia katika Codex Argenteus, kitabu kilichoandikwa Italia mwanzoni mwa karne ya 6 kwa wino wa fedha na dhahabu juu ya ngozi iliyotiwa rangi ya zambarau. Leo kimetunzwa Uppsala, Uswidi.

Wulfila alifuata mafundisho ya Kiario, yanayomweka Mwana chini ya Baba. Wagothi, Wavandali na makabila mengine waliyashika, na walipokuja kutawala nchi za Kirumi walionekana wazushi mbele ya raia zao. Ndiyo maana uamuzi wa Clovis, mfalme wa Wafranki, ulikuwa na uzito. Mkewe Clotilde alikuwa Mkatoliki, naye Clovis akabatizwa Mkatoliki na askofu Remigius, mwishoni mwa karne ya 5 au mwanzoni mwa karne ya 6. Kuanzia hapo maaskofu wa Gallia walikuwa upande wake.

3. Kent: malkia, baraza na hekalu

Mwaka 596 Papa Gregori Mkuu alimtuma mmonaki Agostino Uingereza. Alifika Kent mwaka 597 na wenzake wapatao 40, pamoja na wakalimani Wafranki. Mlango ulikuwa umeshafunguliwa: Bertha, mke wa mfalme Æthelberht, alikuwa binti wa kifalme wa Kifranki na Mkristo, akisali Canterbury katika kanisa la Mtakatifu Martino. Beda, aliyemaliza historia yake mwaka 731, anaeleza kwamba mfalme aliwapokea wageni nje, peupe, akihofia uchawi endapo angekutana nao ndani ya nyumba. Aliwaambia kuwa maneno yao ni mazuri lakini mageni, na kwamba hawezi kuacha mara moja yale aliyoyashika pamoja na watu wake. Hata hivyo aliwapa makazi na ruhusa ya kuhubiri.

Tuzingatie maneno "pamoja na watu wake". Kwa Wagermanik dini ilikuwa mali ya jamii, wala si siri ya moyo wa mtu mmoja. Mungu ndiye aliyeleta mavuno na ushindi, kwa hiyo kumbadilisha kulihitaji shauri. Mfalme Edwin wa Northumbria aliitisha baraza la wakuu wake kabla ya kubatizwa York mwaka 627.

Njia hiyo ya kupitia kwa mfalme ilikuwa ya haraka, na udhaifu wake ulijionyesha mapema. Æthelberht alipofariki mwaka 616, mwanawe Eadbald alikuwa bado mpagani, na wengi wakarudi nyuma pamoja naye. Rædwald, mfalme wa Waangli wa Mashariki, aliweka katika hekalu moja altare ya Kristo na nyingine ya miungu ya zamani.

Gregori alikuwa ameuona ugumu huo. Mwaka 601 alimwandikia Æthelberht abomoe mahekalu. Majuma machache baadaye akabadili mawazo, akamwagiza abate Mellitus: sanamu zivunjwe, lakini majengo yanyunyiziwe maji ya baraka na kuwekwa altare, ng'ombe waliokuwa wakitolewa sadaka kwa miungu wachinjwe kwa karamu ya siku za watakatifu. Hoja yake ni kwamba mioyo migumu haikatwi kila kitu kwa pigo moja. Wahenga wetu wangemwelewa: papo kwa papo kamba hukata jiwe.

Mwaka 635 Aidan, mmonaki kutoka Iona, alifika Northumbria bila kukijua vizuri Kiingereza. Mfalme Oswald, aliyejifunza lugha ya Waskoti wa Ireland akiwa uhamishoni, ndiye aliyesimama kumtafsiria mbele ya wakuu wake. Mfalme aliyekuwa mkalimani alifanya kazi kubwa kuliko mfalme wa kutoa amri.

4. Bonifasi: shoka na barua

Sasa tumrudie mwenye shoka. Jina lake la kuzaliwa ni Wynfreth, mtu wa Wessex. Papa alimpa jina la Bonifasi mwaka 719 alipomtuma kuhubiri ng'ambo ya mto Rhine. Karibu mwaka 723 aliukata mwaloni wa mungu Donar pale Geismar, katika nchi ya Hessen, na mbao zake zikajenga kanisa dogo la Mtakatifu Petro. Lakini Geismar haikuwa mbali na ngome ya Wafranki, na Bonifasi alikuwa na barua ya ulinzi ya Karolo Martel. Yeye mwenyewe alikiri kwa askofu Daniel wa Winchester kwamba pasipo ulinzi wa mtawala wa Wafranki asingeweza kuzuia ibada za kipagani.

Huyo Daniel alikuwa amempa ushauri wa namna nyingine. Usikimbilie kuikana miungu yao, alimwandikia. Waache waseme imezaliwa na nani, kisha uliza kwa upole: kama ilizaliwa, ulimwengu ulitawaliwa na nani kabla yake? Uliza bila kejeli, ili waone aibu badala ya kukasirika. Ni ushauri wa mwalimu.

Barua za Bonifasi zinatuonyesha pia kazi ya wanawake. Alimwomba abesi Eadburg amnakilie nyaraka za Petro kwa herufi za dhahabu, ili wasikilizaji wake waviheshimu vitabu. Ndugu yake Leoba alivuka bahari akaongoza monasteri ya Tauberbischofsheim, ambako wanawake walisoma na kufundishwa.

Kuna pia kisa cha padri wa Bavaria aliyekosea sarufi ya Kilatini wakati wa kubatiza. Bonifasi alitaka ubatizo urudiwe; Papa Zakaria akamjibu kwamba kutojua lugha si uzushi, na ubatizo unasimama.

Bonifasi aliuawa Dokkum, Frisia, tarehe 5 Juni 754. Wauaji walitafuta hazina katika masanduku yake, wakakuta vitabu.

5. Wasaksoni: upanga na shairi

Karolo Mkuu, mfalme wa Wafranki, alianza vita na Wasaksoni mwaka 772 kwa kuangusha Irminsul, nguzo yao takatifu. Vita viliendelea hadi 804. Kumbukumbu za ufalme zinasema kwamba mwaka 782 pale Verden aliua Wasaksoni 4,500 kwa siku moja. Wanahistoria wanabishana juu ya idadi hiyo. Sheria yake ya miaka ya 780 iliweka adhabu ya kifo kwa anayekataa ubatizo, anayechoma maiti kwa desturi ya kipagani, hata anayekula nyama Kwaresima kwa dharau. Fungu la kumi likawa lazima. Kiongozi wao Widukind alibatizwa mwaka 785, na bado uasi ukazuka tena.

Alcuin, mwanachuoni wa York aliyekuwa mshauri wa Karolo, hakunyamaza. Katika barua za mwaka 796 alisema kwamba mtu anaweza kusukumwa kwenye ubatizo lakini si kwenye imani, na kwamba fungu la kumi liliiharibu imani ya Wasaksoni. Mwaka 797 Karolo alitoa sheria nyingine, iliyo laini zaidi.

Karibu mwaka 830 likatokea Heliand, shairi la Kisaksoni la mistari karibu 6,000 juu ya maisha ya Yesu. Humo Yesu ni bwana mkuu anayezungukwa na wapiganaji watiifu, na wachungaji wa Bethlehemu wamekuwa walinzi wa farasi. Mwaka 841 Wasaksoni wa tabaka la chini waliasi wakidai desturi za enzi ya upagani. Kumbe miaka 50 ya sheria ilikuwa haijawapata, na mshairi alikuwa ndiyo kwanza ameanza.

6. Hitimisho

Miaka elfu moja baadaye mmisionari Johann Ludwig Krapf, mzaliwa wa Württemberg, alifika Mombasa mwaka 1844, na mwaka huohuo akaanza kutafsiri kitabu cha Mwanzo kwa Kiswahili. Alikuwa akifanya kazi ya Wulfila.

Napendekeza, tunapofundisha historia hii, tusianze na swali la nani aliukata mti. Tuulize ni nani aliyetafsiri, kwa lugha ipi, na nyuma yake alisimama nani mwenye silaha. Na atakayewatetea wenye upanga kwa kusema zama zile hazikujua zaidi, asomewe barua za Daniel na Alcuin. Zama zile zilijua.