Kibarua na Hesabu ya Siku Zake
(Maneno ya mfanya kazi wa reli mbele ya vibarua wa chuo kikuu)

Mimi ni mtu wa reli, na masomo yangu ni ya shule ya misheni tu. Mmeniita kwa kuwa nami nilikuwa kibarua miaka 4, nikibadilisha mataruma ya njia chini ya mwenye tenda mmoja. Kila mwezi ukikaribia kwisha nyapara hutuambia, "Pumzikeni, rudini Jumanne." Jumanne twatia dole gumba karatasi mpya. Tukadhani hesabu imefutika. Nanyi nasikia wanafunzi wakifunga mwaambiwa mwende nyumbani.

Sheria ya Kazi ya 2007 yasema kibarua ni mtu alipwaye mwisho wa kila siku, asiyeandikwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Kifungu cha 37 chaendelea: akifanya siku za mfululizo ambazo jumla yake yafika mwezi 1, au akipewa kazi isiyotazamiwa kwisha kwa miezi 3, basi ahesabiwa mtu wa mshahara wa mwezi. Kufagia mabweni kutakwisha lini? Na siku ya kupumzika baada ya siku 6 za kazi, na sikukuu, zote zimo katika hesabu. Mtu wa mwezi haondolewi bila notisi ya siku 28, na akitimiza miezi 12 ana likizo ya siku 21 kwa malipo.

Lakini nisiwadanganye. Mtu wa mwezi si mtu wa pensheni. Kazi ya kudumu yenye pensheni kifungu hiki hakikuitaja. Hiyo chama huitafuta mezani, katika mapatano na mwajiri. Tena angalieni mwalipwa vipi. Mwaka 2017, katika kesi ya Krystalline Salt, wafanya kazi wa chumvi walishindwa mbele ya Mahakama ya Rufani, maana walilipwa kwa kipimo cha kazi, wala si vibarua wa siku.

Sheria yamtaka mwajiri aweke maandishi. Hata hivyo nawe uwe na yako. Mke wangu alikuwa akiandika katika daftari la mtoto: tarehe, mahali, jina la nyapara, pesa. Siku ya shauri karani wa yule bwana alikuja na karatasi za miezi 5 tu. Daftari letu lilikuwa na miaka yote 4. Nililipwa notisi na likizo zangu. Kazi sikurudishiwa, nami sitaficha hilo.

Usikae na madai yako zaidi ya miaka 3, korti haitayapokea. Katibu wa tawi ameleta madaftari, yako pale mlangoni. Aanze kuandika na siku ya leo.