Cheki Ikirudi, Sulhu Ipitie Kortini



Vijana wenzangu wa Bungoma, na nyinyi mliokuja kutoka Kitale, karibuni. Leo tuongee cheki. Wengi wetu hapa ni watu wa biashara: mahindi, spea za pikipiki, simiti. Mteja wa mzigo mkubwa bado hukuandikia cheki.

Tuseme umetoa magunia ya mahindi Chwele, umepewa cheki ya shilingi 200,000. Benki wanakwambia akaunti haina kitu. Unaenda polisi, jamaa anashikwa, anashtakiwa kwa kifungu cha 316A cha Kanuni ya Adhabu. Akipatikana na hatia, faini haizidi shilingi 50,000, kifungo hakizidi mwaka 1, au apewe vyote viwili. Sasa jiulize, hiyo faini inaenda kwa nani? Serikali. Wewe wa mahindi bado unangoja pesa yako, na mwenye kukulipa yuko ndani.

Ndiyo maana watu hukimbilia sulhu, na sheria inairuhusu. Kipengele cha 159 cha Katiba ya 2010 kinazitaka mahakama ziendeleze upatanisho. Kifungu cha 176 cha Sheria ya Taratibu za Kesi za Jinai kinampa hakimu nafasi ya kupatanisha watu kwa makosa madogo ya kibinafsi, alipwe aliyedhulumiwa, kesi isimame au iishe. Kughushi sahihi ya mtu kwenye cheki ni hadithi nyingine. Hiyo haimalizwi kwa kupeana mikono.

Lakini tunakosea wapi? Wazee wanakaa na pande mbili baada ya Isha, pesa inalipwa, Fatiha inasomwa, kila mtu kwake. Mshtakiwa anaona yameisha, siku ya kesi haendi. Hakimu anatoa waranti! Kesi ya jinai si ya mwenye mahindi, ni Jamhuri dhidi ya fulani. Kama hakuna aliyeenda kuieleza korti, faili bado iko wazi.

Na sisi kuandika si jambo geni, aya ya 282 ya Suratul Baqara inahusu hilo hilo. Basi andikeni: namba ya kesi, kiasi, kilicholipwa, tarehe za kilichobaki, sahihi za wote wawili na mashahidi. Lipa kwa benki au M-Pesa, alama ibaki. Kisha mlalamishi aende kwa mwendesha mashtaka, na siku ya kesi amwambie hakimu kwa mdomo wake kwamba amelipwa na hajalazimishwa.

Hapo mshtakiwa uliza: kesi inaondolewa kwa kifungu gani? Ikiwa ni 204, lalamiko limeondolewa na hakimu ameridhika, unaachiliwa huru kabisa. Ikiwa ni 87(a) na bado hujaanza kujitetea, unaenda nyumbani lakini unaweza kushtakiwa tena kwa jambo lile lile. Wengi hutoka kortini wakishangilia bila kujua wamepewa ipi.

Kuna mtu ataniuliza, si twende kwa Kadhi? Kadhi ni wa mambo ya ndoa, talaka, mirathi na hali ya mtu. Cheki haimo.

Na hili nalisema wazi, hata kama kuna wazee watakasirika. Mama muuzaji hajalipwa hata nusu, anaambiwa asamehe kwa sababu aliyemdhulumu ni ndugu yetu wa msikitini. Hiyo si sulhu, ni kumnyamazisha. Kumpa muda aliyekwama kweli, aya ya 280 imetufundisha. Lakini muda si kufuta deni, na anayesamehe ni mwenye mali, si kamati. Na kama mwenye mahindi si Muislamu, haki yake ni ile ile.

Sasa tuchukue maswali. Mwenye karatasi za korti azilete hapa mbele tuzisome pamoja, tuanze na wale wenye kesi wiki hii.