Mtunzi Asiyeandika: King Majuto na Fani ya Kichekesho



Mkoa huu wa Tanga ndio uliomzaa Shaaban Robert, pale Vibambani, mwaka 1909. Jina hilo halihitaji utetezi wangu. Leo ningependa tumtazame Mtanga mwingine, ambaye hakujulikana kwa vitabu: Amri Athumani, aliyezaliwa mwaka 1948 na kufariki Muhimbili tarehe 8 Agosti 2018. Wengi walimfahamu kwa jina la King Majuto. Hoja yangu ni kwamba naye alikuwa mtunzi, na kwamba kutunga bila kuandika ndiko kulikomjengea ustadi, na ndiko kulikomponza.

Alipanda jukwaani angali mtoto, mwishoni mwa miaka ya 1950. Kichekesho cha jukwaani kilikwisha kuota mizizi tangu enzi ya ukoloni, kikimsuta hasa yule aliyejitia uzungu. Baada ya uhuru, vikundi vya utamaduni vilikiingiza kati ya ngoma na sarakasi. Muungano, kilichoundwa mwaka 1980, ni mfano mmoja. Kichekesho hakina muswada. Wachezaji hukubaliana kisa tu: mathalani, posa imevunjika na mahari imekwisha kuliwa. Yaliyobaki hutungwa papo hapo. Hadhira ikicheka, mchezaji hurefusha. Ikinyamaza, hugeuza maneno.

Televisheni za watu binafsi zilipoanza Tanzania Bara mwaka 1994, na baadaye filamu za kanda na za diski, wachekeshaji walikutana na shida mpya: kamera haicheki. Majuto, kwa maoni yangu, aliitatua shida hiyo kwa kumfanya mchezaji mwenzake kuwa hadhira. Hulipokea neno la mwenzake, akaligeuza swali, kisha akanyamaza huku uso ukiendelea kusema. Ukimya huo ni sehemu ya utunzi, kama kituo kilivyo sehemu ya ubeti.

Mhusika wake aliyezoeleka ni mzee bahili, mwenye tamaa, mkali kwa vijana na mlegevu mbele ya wanawake. Hapa pana jambo linalostahili kuchunguzwa. Katika nyumba zetu, iwe pwani au huku Usambara, mzee huamkiwa shikamoo, wala hachekwi machoni pake. Aibu yake husitiriwa. Filamu zilipopanda mlima kutoka Mombo na kuoneshwa katika vibanda vya video, kijana wa milimani alipata ruhusa ya kumcheka mzee bila kumvunjia adabu mzee yeyote aliye karibu naye. Tena mzee huyo alikuwa mtu wa pwani! Penye utani, hilo lilizidisha utamu. (Wabondei waliomo humu watanisamehe.)

Lakini jukwaani mchezaji huishi kwa kiingilio, naye akicheza tena kesho hulipwa tena kesho. Filamu haiendi hivyo. Mchezaji hulipwa mara moja. Nakala huzalishwa na kuuzwa miaka mingi, na haki hubaki kwa mwenye kanda mama. Matangazo ya biashara nayo yana mtindo huohuo. Mwaka 2018, Majuto akiwa mgonjwa, suala la mikataba yake lilifika kwa waziri mwenye dhamana ya sanaa, Harrison Mwakyembe, naye akaunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ilikuwapo tangu mwaka 1999, nayo inamtambua mchezaji. Hata hivyo, anayetunga kwa kinywa hudai kwa shida, maana karatasi iliyopo ni ile aliyoletewa atie sahihi.

Idara zetu za Kiswahili zimezoea kunukuu ngano za mabibi na kuziita fasihi simulizi. Sioni sababu ya kuiacha nje kanda ya Majuto. Mwanafunzi na aketi nayo, ayanakili mazungumzo neno kwa neno, pamoja na vikohozi, miguno na vituo. Na juu ya ukurasa wa kwanza, pale pa jina la mtunzi, aandike Amri Athumani.