Mpaka wa Anayelipa: Reli za Mikoani na Stesheni Zake Kusini-Magharibi mwa Ujerumani



Septemba 1840 dola ya Baden, ukanda mrefu wa nchi kando ya mto Rhein, ilifungua reli yake ya kwanza kati ya Mannheim na Heidelberg. Wahandisi wake walichagua upana wa milimita 1,600 kati ya chuma na chuma, wakitarajia njia pana ibebe injini zenye nguvu zaidi. Majirani walitandika milimita 1,435. Baden ilibaki peke yake na upana wake, na katika miaka ya 1854 na 1855 ikalazimika kutandika upya njia yake yote na kurekebisha vichwa vya treni na mabehewa, kwa sababu shehena isiyoweza kuvuka mpaka bila kupakuliwa na kupakiwa tena haina faida kwa mfanyabiashara.

Naanza na Baden kwa makusudi. Mhadhara huu unahusu reli za mikoani, zile njia za pembeni zinazopita mabondeni na kusimama kwenye stesheni za vijiji, na hoja yangu ni moja. Ukitaka kujua kwa nini njia ndogo imepinda pale ilipopinda, kwa nini ilifungwa na kwa nini ikarudi, tafuta kwanza mpaka wa mfuko wa anayelipa. Milima na mito itafuata.

Reli zilipoanza, hapakuwa na dola moja ya Ujerumani. Dola hiyo iliundwa 1871. Mchumi Friedrich List alichapisha mwaka 1833 kijitabu kilichopendekeza mtandao mmoja kwa nchi zote za Wajerumani, akafariki 1846 bila kuuona. Prussia, Bavaria, Saxony, Württemberg na Baden kila moja ilijenga kwa hesabu zake, na kila moja iliogopa kumpelekea jirani abiria na ushuru wake.

Mfano mzuri kuliko yote ni reli inayopanda milima ya Schwarzwald, kutoka Offenburg hadi Singen, takriban kilomita 150. Wapimaji walikuwa na zaidi ya njia moja ya kuvuka mgongo wa milima. Ile ya bonde la Schiltach ilikuwa rahisi kujenga, ila ingepita Schramberg, na Schramberg ilikuwa ardhi ya Württemberg. Baden ikakataa. Kazi ikaangukia mikononi mwa mhandisi Robert Gerwig, naye akaibakiza reli yote ndani ya Baden kwa kuizungusha. Kutoka Hornberg hadi kilele cha Sommerau, kwa mstari ulionyooka ni kama kilomita 11. Treni husafiri kilomita 26. Inapanda bonde, inageuka ndani ya mlima, inarudi ilikotoka ikiwa juu zaidi, kisha inageuka tena. Njia nzima ina mahandaki 39, na mwinuko haupiti mita 20 kwa kila mita 1,000, kiwango ambacho injini ya mvuke ya wakati ule iliweza kukipanda na mabehewa yake. Sehemu ya mwisho, Hausach hadi Villingen, ilifunguliwa Novemba 1873. Wahandisi wa nchi nyingine walikuja kujifunza mizunguko hiyo, na Gerwig mwenyewe alikuwa tayari amechukuliwa kuongoza ujenzi wa reli ya Gotthard huko Uswisi.

Gerwig huyu huyu, miaka zaidi ya 20 kabla, alikuwa mkuu wa kwanza wa shule ya mafundi saa katika mji mdogo wa Furtwangen, juu kabisa milimani. Ufundi wa saa za mbao ulikuwa ndio riziki ya wakulima wa huko wakati wa theluji, na ulikuwa umeanza kudidimia. Mwaka 1850 Gerwig aliwaita wasanii na wasanifu walete michoro ya saa mpya. Mmoja wa waliojibu alikuwa Friedrich Eisenlohr, msanifu wa majengo ya reli ya Baden. Alileta mchoro wa saa ya ukutani yenye umbo la nyumba ya mlinzi wa njia: paa lenye mteremko mkali, mbele pana, mzabibu ukipanda pembeni. Mafundi wakaongeza ndege wa mbao anayechomoza dirishani kutangaza saa. Saa hiyo leo inauzwa kwa watalii kama alama ya kale ya Schwarzwald, na wachache wanaoinunua wanajua kwamba wananunua jengo dogo la shirika la reli. Mlinzi wa njia aliishi katika nyumba ya aina hiyo na familia yake, akifunga vizuizi vya barabara na kukagua reli kwa miguu, mchana na usiku.

Saa kwa maana ya wakati nayo ilikuwa na matatizo yake. Hadi mwanzoni mwa miaka ya 1890 kila dola iliendesha treni kwa saa ya mji wake mkuu. Baden ilifuata saa ya Karlsruhe, Württemberg ya Stuttgart, Bavaria ya München. Msafiri aliyezunguka ziwa la Konstanz, ambako Uswisi na Austria nazo zinafika majini, alikutana na saa tano tofauti. Machi 1891 Helmuth von Moltke, jemadari mzee, alisimama bungeni kudai saa moja kwa nchi nzima, na hoja yake kubwa ilikuwa usafirishaji wa majeshi. Sheria ilianza kutumika tarehe 1 Aprili 1893. Mkulima wa mlimani aliyekuwa akiamka kwa jua alianza kuishi kwa saa ya stesheni.

Jeshi lilikuwa mlipaji wa namna ya pekee, kwa kuwa halikuuliza habari za abiria. Baada ya vita na Ufaransa vya 1870 na 1871 wakuu wa jeshi walitaka njia ya kupeleka askari magharibi bila kukanyaga Uswisi, nchi isiyofungamana na upande wowote. Reli iliyokuwapo kando ya Rhein ilikatiza Schaffhausen na Basel. Ndipo bonde la Wutach likapewa reli yake, iliyojengwa kuanzia 1887 na kufunguliwa Mei 1890. Treni nzito za kijeshi zilihitaji mwinuko usiozidi mita 10 kwa 1,000, nusu ya ule wa Gerwig. Kwa hiyo kati ya Weizen na Zollhaus, umbali usiofika kilomita 10 kwa ndege, reli ilipindwapindwa hadi ikawa zaidi ya kilomita 25, pamoja na handaki linalozunguka ndani ya mlima kama ond. Wenyeji waliiita mkia wa nguruwe. Imepita karibu na vijiji vichache na haikuwahi kupata abiria wa kutosha. Usafiri wa kawaida kwenye mizunguko hiyo ulikoma, na tangu 1977 sehemu hiyo ni reli ya makumbusho, ikibeba watalii kwa mvuke juu ya kazi ya wahandisi waliolijengea jeshi.

Vijiji vya kawaida havikuwa na jemadari wa kuvisemea. Prussia ilitunga sheria ya reli ndogo Julai 1892, ikilegeza masharti ya ujenzi ili wilaya, makampuni na hata vyama vya wakulima viweze kujitandikia njia nyembamba za bei nafuu. Kusini nako makampuni binafsi yaliingia mabondeni. Furtwangen ilipata treni yake mwanzoni mwa miaka ya 1890, kwa njia iliyofuata mto Breg kutoka Donaueschingen.

Stesheni ya njia kama hiyo inastahili kuangaliwa chumba kwa chumba. Chini palikuwa na dirisha la tiketi, ofisi ya mkuu wa stesheni na mashine yake ya telegrafu, na kumbi za kusubiri zilizotengwa kwa daraja: abiria wa daraja la kwanza na la pili wakiwa na viti vya kitambaa, wa la tatu wakiwa na mabenchi. Prussia ilikuwa hata na daraja la nne, lililofutwa 1928, ambamo wengi walisimama na vikapu vyao. Juu aliishi mkuu wa stesheni na familia yake. Pembeni kilisimama kibanda cha shehena chenye jukwaa la mbao, na nyuma yake barabara ya kupakilia. Kwa maoni yangu kibanda hicho ndicho moyo wa stesheni, ingawa wapiga picha hawakukijali. Makaa ya mawe na mbolea viliingia hapo, na mbao, ng'ombe, maziwa na makasha ya saa vikatoka. Bei ya mbao msituni ilitegemea umbali kutoka hapo hadi kibanda hicho.

Kwetu mambo haya si ya mbali. Ujenzi wa reli ya Usambara ulianza Tanga 1893, kwa upana wa mita moja ambao Ujerumani kwenyewe ulitumika kwenye njia nyingi ndogo. Kampuni iliyoijenga iliishiwa fedha, serikali ya kikoloni ikaichukua 1899, na ilifika Moshi 1911. Reli ya Kati ilifika Kigoma 1914. Waliozitandika ni wenyeji waliosukumwa na kodi na shuruti, na hakuna hata mmoja wao aliyeulizwa stesheni iwekwe wapi. Hapo ndipo tofauti kubwa ilipo. Kijiji cha Baden kilipeleka barua ya maombi kwa wabunge wa Karlsruhe na mara nyingine kilisikilizwa.

Kuna siku moja ambayo sitaki historia ya stesheni hizi isomwe bila kuitaja. Tarehe 22 Oktoba 1940 Wayahudi wa Baden na wa eneo jirani la Saar na Pfalz, zaidi ya watu 6,500, walitolewa majumbani mwao, wengi wakipewa muda mfupi tu wa kufunga mzigo. Watu wa vijijini, vikongwe na watoto, walikusanywa kwa malori na kupelekwa kwenye stesheni. Kutoka Kippenheim zimebaki picha za tukio hilo, lililofanyika mchana mbele ya majirani. Treni ziliwapeleka hadi kambi ya Gurs, kusini mwa Ufaransa. Wengi walikufa huko kwa njaa na baridi, na kuanzia 1942 wengine walipelekwa Auschwitz. Kila treni ilikuwa na ratiba, dereva na mkuu wa stesheni aliyeinua ishara. Huko Neckarzimmern yapo mawe ya kumbukumbu yaliyochongwa na vijana, kila jiwe kwa mji au kijiji kimoja.

Baada ya Vita vya Pili vya Dunia Wafaransa walikalia sehemu ya kusini-magharibi. Mwaka 1946 waling'oa njia ya pili ya reli ya Gäu, kusini mwa Horb, kama fidia. Haijarudishwa yote hadi leo, na treni kati ya Stuttgart na Singen bado husubiriana kwenye stesheni. Shirika jipya la Bundesbahn lilijaribu kuziokoa njia ndogo kwa behewa dogo la dizeli lenye magurudumu manne na injini ya basi, lililoanza kutengenezwa Uerdingen mwaka 1950. Liliahirisha tu kifo. Barabara zilijengwa kwa fedha za umma bila kudaiwa faida. Reli ya kijijini ilifunguliwa daftari lake peke yake na kudaiwa ijilipie. Abiria aliyepanda kijijini kisha akaendelea kwa treni ya masafa marefu hadi Hamburg alihesabiwa kwa kilomita zake chache za kwanza tu. Kwa hesabu hiyo hakuna tawi lingepona. Furtwangen, mji wa shule ya Gerwig, ulipoteza treni yake ya abiria 1972.

Mimi naamini hesabu ile ilikuwa mbaya tangu mwanzo, na ushahidi ulipatikana mpaka wa mfuko ulipohamishwa. Marekebisho ya 1994 yaliunganisha mashirika ya reli ya zile zilizokuwa Ujerumani Mashariki na Ujerumani Magharibi, na kuanzia 1996 majimbo yakapewa fedha na madaraka ya kuagiza treni za mikoani. Wilaya za Böblingen na Tübingen zilikuwa tayari zimeichukua reli ya Schönbuch, iliyoachwa bila abiria tangu miaka ya 1960. Ilifunguliwa upya Desemba 1996, kilomita 17 kutoka Böblingen hadi Dettenhausen. Walitarajia abiria 2,500 kwa siku. Idadi hiyo ilipitwa mara moja na ikaendelea kupanda, hata njia ikatiwa umeme na kufunguliwa tena 2019.

Majengo ya stesheni yana hadithi nyingine, na ni ya huzuni zaidi. Mashine ya tiketi ilichukua nafasi ya dirisha, vyumba vikafungwa, mvua ikaingia. Mengi yaliuzwa. Huko Leutkirch, mji wa eneo la Allgäu, wananchi walikataa: mamia yao walinunua hisa katika ushirika, wakalikarabati jengo la stesheni yao, na tangu 2012 lina mgahawa na ofisi, na abiria wana mahali pa kukaa wakati wa baridi.

Turudi mto Breg. Mwaka 2003 wilaya tatu, Tuttlingen, Rottweil na Schwarzwald-Baar, zilianzisha kwa pamoja treni ya mzunguko inayounganisha miji yao, na ndani ya mpango huo treni za abiria zilirudi kwenye kipande cha kwanza cha njia ya Furtwangen, kutoka Donaueschingen hadi Bräunlingen. Hapo chuma kilikuwa bado kimelala ardhini. Kutoka Bräunlingen kwenda juu kilikuwa kimeng'olewa, na sehemu ya tuta ni njia ya baiskeli. Anayekwenda Furtwangen hupanda basi.