Nyumba Haivunjwi na Talaka Pekee: Khabari za Mbulu na Hanang
(Hotuba iliyosomwa mbele ya mkutano wa wanachama wa tawi)



Nimeombwa niseme juu ya Serikali na mambo ya nyumba, yaani ndoa, watoto na mirathi, na namna Serikali inavyojibu pale maisha ya watu majumbani yanapobadilika. Najua wengi wenu mlitaraji nianze na Ng'ambo au Wete. Nitaanza mbali kidogo, katika wilaya za Mbulu na Hanang, mkoa wa Manyara, huko Bara. Ni nchi ya milima na baridi, na mtu wa pwani akilala Katesh bila ya blangeti atamkumbuka mama yake. Lakini yaliyotokea huko yako wazi, na ya kwetu tutayafikia.

Hanang ni nchi ya Wadatoga, khasa wale waitwao Wabarbaig, ambao ni wafugaji. Mwenye boma huweza kuwa na wake kadhaa, na kila mke ana nyumba yake. Binti akiolewa hatoki kwao mikono mitupu. Hupewa ng'ombe na baba yake na jamaa zake, na mume hawezi kuwafanya ng'ombe hao apendavyo. Maziwa yamo mikononi mwa mke, na yeye ndiye mwenye kuyagawa. Na mume akimvunjia mkewe haki yake, wanawake wa jirani hukusanyika wakakaa baraza, wakamhukumu, wakamtoza faini ya ng'ombe. Mtaalamu wa Kimarekani, George Klima, aliyekaa na watu hao katika miaka ya 1950, ameyaandika hayo yote. Nayataja kwa kuwa wapo kati yetu wanaodhani kwamba haki ya mwanamke imeletwa na meli.

Basi mwishoni mwa miaka ya 1960 Serikali, kwa msaada wa Canada, iliingia uwanda wa Basotu kulima ngano. Shirika la umma la kilimo, NAFCO, likapanua mashamba yake mpaka yakafika kiasi cha eka 100,000. Mkate ulihitajiwa mijini, na hilo hatulikatai, kwani na sisi twala mkate. Lakini ardhi ile ilikuwa ndiyo malisho mazuri kuliko yote. Wabarbaig wakaondoshwa, yako maboma yaliyochomwa moto, na makaburi ya wazee wao yakapitiwa na majembe ya trekta. Wakaenda mahkamani. Kijiji cha Mulbadaw kikashinda katika Mahkama Kuu, kisha, katika miaka hiyo hiyo ya 1980, kikashindwa mbele ya Mahkama ya Rufaa.

Mtaniambia kuwa hii ni khabari ya ardhi, si ya ndoa. Hapo ndipo ninapotaka mnisikilize. Malisho yakiondoka, ng'ombe hupungua, na ng'ombe wa mke ni katika hao hao. Maziwa yakikauka, mama hana cha kugawa, na asiye na cha kugawa neno lake halisikiki. Baraza la wanawake nalo litamtoza faini gani mume asiyekuwa na ndama? Watu wakatawanyika na mifugo iliyobaki, wengine wakafika hata Morogoro. Trekta liliivunja nyumba, ila halikuandikwa katika mambo ya nyumba; liliandikwa katika mambo ya kilimo.

Na katika miaka hiyo hiyo, mwaka 1971, Bunge lilipitisha Sheria ya Ndoa. Sheria hiyo ni ya Bara, haikufika Visiwani. Tuseme haki: ilikuwa sheria ya maana. Ilimtambua mke kuwa na mali yake mwenyewe, ikataka ridhaa ya wote wawili, ikampa aliyeachwa njia ya kudai fungu katika mali iliyochumwa pamoja. Mwaka 1983, katika kesi ya Bi Hawa Mohamed, Mahkama ya Rufaa ikatamka kuwa kazi ya mke nyumbani nayo ni mchango katika mali hiyo.

Lakini mirathi haikuguswa. Iliachwa katika kanuni za mila zilizotangazwa mwaka 1963 kwa makabila yafuatayo ukoo wa baba, na humo mjane hana fungu ikiwa marehemu ameacha jamaa wa ukoo wake; fungu lake ni kutunzwa na watoto wake kama alivyowatunza wao. Labda kanuni hiyo ilikuwa na maana pale mjane alipokuwa na nyumba yake na ng'ombe wake, na wanawe wako boma moja naye. Wana walio Arusha wakitafuta kibarua watamtunza kwa nini? Wajane wawili wa Shinyanga waliipeleka kanuni hiyo mbele ya Mahkama Kuu, na mwaka 2006 Mahkama ikakiri kwamba ina ubaguzi, kisha ikakataa kuifuta. Mwaka 2015 kamati ya Umoja wa Mataifa yenye kusimamia haki za wanawake ikasema kuwa wajane wale wamedhulumiwa.

Sasa twendeni Mbulu, kwa Wairaqw. Hawa ni wakulima, na asili yao ni milima ya Kainam, ambako mashamba yamebanana. Vijana wameteremka kwenda Karatu, Babati na Hanang, na wengine kuchimba mawe ya tanzanite huko Mirerani. Mabinti wengi wamekwenda kutumika katika nyumba za watu mijini. Kijana asiye na shamba huchelewa kuoa. Msichana aliye mbali na wazee wake hana wa kumlinda. Mimba za kabla ya ndoa zikawa jambo la kila siku.

Zamani, kwa Wairaqw, binti aliyeshika mimba kabla ya kuolewa alitolewa nyumbani kwa baba yake asije akazalia hapo, kwa khofu ya nuksi. Tutasema hao ni watu wa zamani. Je, Serikali ya kisasa ilifanya nini? Kwa kanuni za mwaka 2002, mwanafunzi aliweza kufukuzwa skuli kwa kosa la maadili, na mimba ikahesabiwa kuwa kosa hilo. Mwezi wa Juni 2017 Rais Magufuli alitamka hadharani kwamba aliyezaa hatarudi skuli. Mpaka Novemba 2021 ndipo Wizara ya Elimu ilipoufungua mlango huo. Na mwanamume mwenye mimba? Yeye alitungiwa adhabu ya miaka 30 mwaka 2016, lakini adhabu hiyo hungoja ushahidi, na tumbo halingoji.

Tusicheke, ndugu zangu. Hapa kwetu, miaka kadhaa kabla ya Bara, mzazi mwanafunzi aliruhusiwa kurudi skuli, na hilo ni jema. Lakini hapa hapa mwaka 1985 ilitungwa sheria iliyoitwa ya kuwalinda wari, wajane na wanawake walioachwa, na ulinzi wenyewe ulikuwa kumtia jela mwanamke aliyeshika mimba nje ya ndoa, mpaka miaka miwili. Kifungo hicho hakikuondolewa ila mwaka 2005. Kwa miaka 20 sisi tulikuwa Wairaqw wa zamani, tena wenye gereza.

Liko na jambo la umri. Sheria ile ya 1971 inamruhusu msichana wa miaka 15 kuozwa kwa idhini ya wazazi. Bibi Rebeca Gyumi aliishitaki Serikali akashinda mwaka 2016. Serikali ikakata rufaa, ikashindwa Oktoba 2019. Ilipewa mwaka mmoja kuirekebisha sheria. Mwaka huo ulikwisha na mingine ikafuata, bila ya marekebisho. Serikali iliyoweza kuwaondosha Wabarbaig katika malisho yao imekuwa nzito kubadilisha vifungu viwili vya sheria.

Bwana Mwenyekiti, naomba tawi liwaandikie wajumbe wetu Barazani na Bungeni, kwamba kila unapoletwa mswada wa ndoa, wa watoto au wa ardhi, waulize kwanza mwanamke atabakiwa na nini mkononi mwake, na jibu lake liandikwe katika khabari za kikao. Tena naomba itengwe siku moja kabla ya mkutano ujao, akina mama wakutane peke yao, na wale walioguswa na sheria ya 1985 wapate kusema, wakipenda. Wanaume watusubiri nje.